Tadea Hapendi Taa

Fundi Cuthbert Nchimbi alizoea kuletewa redio. Mwaka ule wa 1991, barazani kwake ng'ambo ya soko la Mbinga, zilipangwa redio za kila namna: za mbao zilizorithiwa kwa wajomba waliowahi kukata mkonge Tanga, za plastiki zilizoanza kumiminika tangu biashara ilipofunguliwa, na moja ya paroko iliyokubali kushika stesheni za mbali lakini Dar es Salaam haitaki hata kuisikia. Kwa hiyo siku aliposimama mbele yake mwanamke mwembamba amepakata kitu kizito kilichofungwa kwa kitenge, kama mtu aliyebeba mtoto mwenye homa, Cuthbert alidhani ni redio nyingine.

Mwanamke akafungua kitenge. Ndani mlikuwa na kamera ya video.

"Inatafuna mikanda," alisema. "Unaweza?"

Cuthbert hakuwahi kuona tumbo la kamera ya video. Hata mgongo wake aliuona mara moja tu, kwa mbali, begani mwa mtu aliyefuatana na ziara ya kiongozi. Lakini fundi akitamka "siwezi" mbele ya watu wa sokoni, kesho atakaa barazani na nzi wake.

"Naweza," akasema.

"Hujawahi," mwanamke akajibu, bila ubaya wowote. "Lakini mikono yako imetulia. Tutafungua pamoja."

Aliitwa Tadea Ndunguru, mtu wa Maguu. Alifanya kazi katika studio ya picha ya mzee Isidori, ile yenye pazia lililochorwa ndege ya abiria na ngazi zake, ambapo wakulima wa kahawa walipigwa picha wakiwa kama ndiyo kwanza wanateremka kutoka Ulaya. Kamera ilikuwa ya Isidori. Alikuwa ameipata kwa shemeji yake wa Dar es Salaam, na kwa mwaka mzima ndiyo iliyokuwa kamera pekee ya video kuanzia pale hadi ziwani.

Wakaifungua pamoja, Cuthbert akishika bisibisi, Tadea akipanga skrubu juu ya kanga kwa mfuatano wa kutoka kwake. Tatizo lilikuwa kipira kidogo kilicholainika kwa joto. Cuthbert akachomoa cha namna hiyo kwenye redio kaseti moja iliyokwisha kufa, akakipunguza kwa wembe, akakipachika. Kamera ikanguruma vizuri.

"Nijaribu," Tadea akasema.

Cuthbert akapitisha kiganja kichwani kulaza nywele, akakaa wima. Lakini yule mwanamke hakumwelekezea usoni. Alivuta kigoda, akakaa chini kabisa, akatulia. "Wewe endelea na kazi zako," akamwambia. Cuthbert akaona haya kukaa bure, akashika redio ya paroko na kuanza kuchomea waya uliokatika.

Jioni alipita kwa Isidori kuchukua ujira wake, na ndipo Tadea alipouweka mkanda ule kwenye deki. Kwenye televisheni ikatokea mikono. Mikono mitupu, mikubwa, na moshi mwembamba wa risasi ya kuchomelea ukipanda polepole mpaka ukakutana na mwale wa jua uliopenya kwenye tundu la bati. Hapo moshi ukang'aa, ukajikunja, ukapotea. Kidole kidogo cha mkono wa kulia kilikuwa kimenyanyuka kama cha mtu anywaye chai kwa mkuu wa wilaya. Cuthbert alikuwa ameishi na mikono ile tangu azaliwe na hakuwahi kujua kwamba kidole hicho kina maringo.

"Uso wangu uko wapi?" akauliza.

"Si huo hapo," Tadea akasema, akimtazama. "Nilitaka kuona unachokifanya ukisahau uso."

Isidori akacheka mpaka akakohoa. "Ndiyo maana wateja wananilalamikia, fundi! Namtuma akapige harusi, ananiletea vidole."

Cuthbert hakucheka. Alikwenda nyumbani akiwa ameduwaa, na tangu siku hiyo hakukosa sababu ya kupita studio. Mara amepata kipira kingine bora zaidi. Mara anataka kusikiliza kama mota inaimba sawasawa. Mota ilikuwa nzima. Yeye ndiye aliyekuwa ameharibika.

*

Kadiri alivyomzoea ndivyo alivyoelewa mahali Tadea alipojifunzia mwanga. Si studio, wala si shule yoyote. Nyumbani kwao Maguu, baba yake, mzee Augustino, alikuwa na shamba la kahawa lililoshika ubavu wa mlima, juu ya mashimo ya ngoro walimopanda mahindi na maharage. Tadea akiwa binti mdogo kazi yake ilikuwa kuchunga kahawa kwenye vichanja vya kuanikia. Kahawa ikinyeshewa imeharibika, na milimani mvua haipigi hodi. Basi alikaa pale mchana kutwa akisoma kivuli kinavyotembea mlimani upande wa pili, akijua kwamba wingu lililogusa ule mti mkubwa litafika kwao punde, na kwamba kabla halijafika jua litalainika kwa muda mfupi, litakuwa kama limepita kwenye maziwa. Muda huo mfupi, alimwambia Cuthbert, kila kitu kinapendeza: punje, mikono ya mama yake, hata mbuzi. Halafu unakimbia kufunika kahawa.

Kwa hiyo Tadea hakupenda taa. Isidori alikuwa na taa moja kali ya kushikwa mkononi, inayoendeshwa kwa betri ya gari, na kwake yeye harusi bila taa hiyo haikuwa harusi. Akiiwasha, bibi harusi anafumba macho, mashangazi wanakunja nyuso, na ukuta wa nyuma unageuka mweupe kama kaburi jipya. Isidori alipenda pia kuvuta picha karibu na kuirudisha mbali, karibu na mbali, mpaka watazamaji wakajisikia wako juu ya lori linaloteremka kwenda Mbamba Bay.

Tadea alitafuta dirisha. Akiingia nyumba ya watu, kabla ya kusalimia vizuri macho yake yameshaona mwanga unatokea wapi, na taratibu, kwa heshima, atamwomba mama mwenye nyumba asogeze kiti. "Shikamoo mama. Samahani, ukikaa hapa utapata upepo." Hapakuwa na upepo wowote. Halafu atakaa chini, mkekani, kamera ikiwa usawa wa macho ya watu waliokaa, naye atatulia. Hakupenda kuvuta picha, alipenda kuingoja. Alipiga mikono ikichambua mchele, visigino vya wanaume wazee vikifuata mdundo wa ngoma iliyo mbali, baba wa bibi harusi aliyejificha nyuma ya jiko akijifuta macho kwa tai.

Yule baba wa bibi harusi, mtu wa Litembo, alipouona mkanda aliomba urudishwe pale pale, na tena, mpaka mkewe akamwambia inatosha. Lakini familia nyingine, ya mnunuzi mmoja wa kahawa pale mjini, ilikuja studio kwa hasira. Sherehe yao iliingia giza la magharibi, Tadea akakataa kuwasha taa kwa sababu, alivyosema, mwanga wa moto wa jikoni ulikuwa mtamu. Kwenye mkanda mama mzaa bwana harusi alionekana meno na hereni tu.

"Mama yangu ni meno?" yule bwana harusi aliuliza. "Mzee Isidori, nakuuliza wewe, mama yangu ni meno?"

Isidori aliomba radhi mpaka akamaliza maneno. Walipoondoka hakumfokea Tadea. Alikaa chini ya ile ndege yake ya kuchorwa akasema, "Mwanangu, una macho ambayo mimi sikupewa. Lakini watu wanatuita ili waonekane. Usiwanyime."

Tadea aliliweka neno hilo moyoni, ingawa miaka ilipita kabla hajalitii.

*

Mwaka 1993 Cuthbert na Tadea walifunga ndoa kanisani Maguu. Tatizo lilikuwa moja tu: mpiga video mzuri wa wilaya ndiye aliyekuwa bibi harusi. Isidori akakunja mikono ya shati, akaja na taa yake. Mkanda wa harusi yao upo, na mpaka leo ukiwekwa wageni hucheka wakashika mbavu, maana kuanzia mlango wa kanisa hadi kukata keki Tadea anaonekana amemkazia macho mpiga picha, midomo ikitembea. Ukisikiliza kwa makini chini ya kwaya, unamsikia: "Rudi nyuma, mzee. Zima. Zima hiyo kitu. Mzee, dirisha liko kule."

Soko huria lilipofika kwenye kahawa, wanunuzi binafsi wakaanza kupanda milimani na malori yao, na kwa misimu kadhaa Mbinga ikanona. Watu waliezeka bati, wakanunua televisheni kabla ya kuwa na umeme wa kuiwashia, wakaoza mabinti kwa matarumbeta. Cuthbert akauza pikipiki yake, Tadea akaongeza fedha za mashina ya kahawa aliyopewa na baba yake, wakanunua kamera yao. Isidori alimuaga Tadea kwa machozi na kwa stendi yake ya miguu mitatu, aliyosema imemshinda kuifungua.

Tangu hapo ukimwona Tadea njiani, nyuma yake yuko Cuthbert na betri ya gari begani, ya kuendeshea kamera. Wapo waliomcheka. Kilabuni walimwita Bwana Betri, wakamuuliza kama na jikoni ndiye anayeshika mwiko. Cuthbert aliwajibu kwamba mwiko anashika, na ugali wake hauna madonge. Moyoni alijua wanachokikosa. Wao waliangalia harusi. Yeye alikuwa akimwangalia mtu anayeangalia harusi, na hilo ndilo lililokuwa tamu: jinsi alivyozuia pumzi kabla ya kubonyeza, jinsi jicho lake lingine, lile lisilo kwenye kamera, lilivyobaki wazi likimtafuta yeye Cuthbert, kumwambia bila neno, umeona?

*

Mwaka 1997, binti yao Lidia akiwa ndiyo kwanza anatembea, alikuja Praygod. Alizaliwa Liuli, pale pwani ya ziwa, akalelewa na bibi yake, akaenda kusoma Dar es Salaam na kucheza michezo ya jukwaani. Sasa alikuwa amerudi na andiko mkobani: mchezo wa kuigiza wa video kuhusu binti wa Liuli anayeposwa na kijana wa ng'ambo, upande wa Malawi, na mama yake ambaye hataki mtoto avushwe maji. Aliuita *Mkwe wa Ng'ambo*. Alikuwa na waigizaji wake, walimu wawili na nusu ya kwaya ya kanisa. Alichokosa ni kamera.

"Nimeambiwa kuna mama anapiga picha kama mtu anayekumbuka," alimwambia Tadea.

"Nani kakwambia hivyo?"

"Mzee mmoja mwenye studio. Halafu akaniambia nije na taa yangu mwenyewe."

Tadea akampenda hapo hapo. Kijana alikuwa mwepesi, mwenye moto, anayejua kumfanya mtu alie au acheke kwa sentensi mbili, na Tadea alijifunza mengi kwake: kwamba mtu akiangalia kulia katika picha hii, katika picha ifuatayo yule anayeangaliwa inafaa aangalie kushoto, kwamba picha ndefu inahitaji jirani mfupi. Praygod naye alijifunza kungoja. Mwanzoni alikuwa akipiga makofi, "Haya, haya, twende!" Baada ya wiki ya kwanza akawa anakuja kukaa mchangani kando ya Tadea na kuuliza, "Bado?" Tadea atasema, "Lile wingu." Na wote watakaa, kwaya na walimu, wakingoja wingu lipite juu ya ziwa.

Mama wa binti aliigizwa na bibi yake mwenyewe Praygod, Scholastica, mkunga aliyestaafu, mwanamke mnene mwenye sauti ya kengele. Nusu ya watu wa pwani ile walipokelewa na mikono yake. Hakuwa amewahi kuigiza, lakini alijua kuamrisha, na sehemu kubwa ya mchezo ilitaka kuamrisha tu. Kilichomshinda ni kulia. Tukio la mwisho lilitaka asimame ufukweni amtazame binti akipandishwa mtumbwini na kuondoka, na machozi yamtoke. Walilijaribu mara kadhaa. Scholastica alikunja uso, akaguna, akajifinya. Machozi hayakuja.

"Bibi, jitahidi," Praygod alimwambia, na siku hiyo uchovu ulimfanya apandishe sauti mbele ya watu. "Hujawahi kufiwa?"

Scholastica alikuwa amezika watoto wawili, na Praygod alijua, maana mmoja wao alikuwa baba yake. Kijana akaona alichosema, akainama. Bibi akamgusa kichwani. "Kesho nitalia," akasema. "Nakuahidi, mwanangu."

Kesho ndiyo ilikuwa siku ya mwisho. Mwalimu aliyeigiza binti alikuwa anarudi kazini, na mtumbwi huo huo uliokuwa kwenye picha ndio ungemfikisha alikokuwa anakwenda. Na betri, hilo lilikuwa la Cuthbert. Jenereta la kuchajia liligoma tangu jana yake. Alihangaika nalo mpaka mikono ikanuka dizeli, akafanikiwa kuijaza betri moja, isifike hata nusu.

"Tutapiga mara moja tu," akamwambia mkewe. "Basi."

"Mara moja inatosha kwa mtu anayeondoka," Tadea akasema.

Asubuhi ile ziwa lilikuwa limelala kama kioo, na kwa mbali, kati ya Liuli na milima ya ng'ambo, zilisimama nguzo za moshi mweusi. Si moshi. Ni wale wadudu wadogo wa ziwani, nkungu, wanaotoka majini kwa mamilioni na kupanda angani wakijisokota. Kwa kawaida hupita mbali. Tadea alipoziona akapumua kwa furaha, akapanga kamera ili nguzo ile moja iwe nyuma ya mtumbwi. Scholastica akasimama mahali pake, maji yakimgusa miguu. Praygod akainua mkono. Mtumbwi ukasukumwa.

Upepo ukageuka.

Ile nguzo ya mbali ikainama, ikatambaa juu ya maji, na kabla mtu hajasema lolote pwani nzima ikajaa ukungu wa kahawia unaovuma. Wadudu waliingia masikioni, puani, kwenye nywele. Kwaya ikatawanyika. "Simamisha!" Praygod alipiga kelele, amejifunika kitambaa. "Simamisha, tunamaliza betri!"

Tadea hakusimamisha. Cuthbert, akiwa amepiga magoti akishika waya, alimwona mkewe akiinyanyua kamera kutoka kwenye stendi, akiuacha uso wa Scholastica aliokuwa ameupanga tangu alfajiri, akazunguka nyuma ya yule bibi na kukaa mchangani. Hapo akatulia. Kilichobaki kwenye picha ni mgongo mpana wenye kitenge, ukungu ule hai, na mtumbwi ukififia ndani yake. Mabega ya mgongo yakatikisika, yakatulia, yakatikisika tena kwa nguvu. Kisha taa nyekundu ya kamera ikapepesa, ikazimika. Betri imekwisha.

"Uso!" Praygod alikuja akikimbia. "Mama Lidia, alikuwa analia, hatimaye bibi yangu alikuwa analia, na wewe ukaenda nyuma! Uso uko wapi?"

"Sina uso," Tadea akasema.

"Kwa nini?"

Tadea akafuta kioo cha kamera kwa ncha ya kanga. "Niliona hivyo ndivyo sawa."

Zaidi ya hapo hakusema. Praygod akaenda kukaa juu ya jiwe, amegeuza uso, na hata Scholastica alipomwendea hakuitika.

Njiani kurudi Mbinga, nyuma ya lori la magunia, Cuthbert alishindwa kunyamaza. Hakuwahi kumlaumu mkewe kwa kazi, lakini siku ile alimwonea huruma kijana. "Mama Lidia, mzee Isidori alikwambia zamani. Watu wanataka kuonekana. Yule mtoto alitaka kitu kimoja tu."

"Nimekusikia, baba Lidia."

"Ni ukaidi."

Tadea akageuza macho kwenye vumbi la barabara. Wakafika nyumbani wakiwa kama watu waliopanda malori tofauti, na kwa siku kadhaa sauti iliyosikika zaidi nyumbani ilikuwa ya mtoto wao Lidia, aliyekuwa anajifunza kuongea.

*

Mchezo ulionyeshwa Liuli baada ya Pasaka, kwenye ukumbi wa parokia, televisheni mbili juu ya meza na jenereta likinguruma nje. Watu walijaa mpaka madirishani. Walicheka walipowaona walimu wao wakigombana. Walipiga vigelegele kila alipopita mtu wa nyumba yao, hata kama ni kuku. Praygod alikaa karibu na mlango, tayari kutoka.

Likaja tukio la mwisho. Mgongo. Ukungu. Mtumbwi. Wanawake wakaacha hata kubembeleza watoto. Mabega yakaanza kutikisika. Mtu mmoja mbele, mwanamume wa makamo, akasema kwa sauti ya chini, "Geuka, mama." Mwingine akadakia, "Geuka!" Mara ukumbi mzima ukawa unamwita yule mwanamke wa kwenye kioo, wakubwa kwa watoto, geuka mama, geuka tukuone. Hakugeuka. Picha ikawa nyeusi.

Cuthbert alimtazama Praygod. Kijana alikuwa amesimama, mikono kichwani, na machozi yaliyokuwa yakitafutwa kwa bibi yake yalikuwa yanashuka kwake. Alipenya katikati ya watu akaja kwa Tadea, akashika mikono yake miwili, akarudi alikotoka.

Nje, watu walipokuwa wakitawanyika, Scholastica alimvuta Tadea kando ya ukuta, na Cuthbert alikuwa karibu na betri zake.

"Mwanangu," bibi akanong'ona kwa ile sauti yake isiyojua kunong'ona. "Hukumwambia?"

"Sikumwambia, bibi."

"Mungu akubariki. Nilikuwa nimemwahidi kulia. Sasa nafungua mdomo nivute kwikwi, wakaingia nkungu mdomoni gunia zima! Wenzangu huwakaanga kwanza, mimi nimewala wabichi!" Na mabega yake mapana yakaanza kutikisika, juu chini, juu chini, sawasawa kabisa na yale ya kwenye televisheni, na Cuthbert akaelewa. Alikuwa anacheka. Siku ile, mbele ya mjukuu na mtumbwi na nguzo ya nkungu, bibi Scholastica alikuwa ameshindwa kujizuia na kicheko.

Cuthbert akasubiri mpaka bibi ameondoka. "Ungeniambia hata mimi," akasema.

"Kwenye lori, mbele ya utingo? Ingerudi Liuli kabla hatujafika Mbinga." Kisha akaongeza, taratibu, "Usoni palikuwa na aibu yake. Mgongoni palikuwa na kila mtu. Nikaona niende huko."

Cuthbert akabeba betri. Alitembea hatua chache, akasimama. "Nisamehe kwa lile neno la ukaidi."

"Ukaidi ni kweli ninao," Tadea akasema, akachukua upande mmoja wa betri kumpunguzia.

*

*Mkwe wa Ng'ambo* haukufika mbali sana. Msambazaji mmoja wa mjini aliuangalia akasema una giza, una ukimya, na mwigizaji mkuu hana uso, akarudisha mkanda. Mikanda iliyorudufiwa ilizunguka Songea na Mbinga na vijiji vya ziwani mpaka picha zikachakaa zikawa kama mvua. Lakini ulitosha. Praygod alipopata kazi kwenye kituo kimoja cha televisheni Dar es Salaam, wa kwanza kuitwa naye alikuwa Tadea, na mwaka 2000 familia ikahamia huko. Alipiga michezo ya televisheni kwa miaka miwili. Alijifunza kupanga taa nne kwa wakati mmoja, na alipanga vizuri. Wenzake walisema taa zake zinaonekana kama madirisha. Cuthbert alitengeneza televisheni Kinondoni na hakukosa wateja. Hawakufukuzwa na mtu wala hawakushindwa na mji. Walirudi kwa sababu mzee Augustino alikuwa amezeeka, kahawa ilikuwa imeanguka bei, na Tadea alisema amechoka kutengeneza asubuhi kwa swichi wakati Maguu wanapewa bure.

Alifungua duka lake Mbinga. Siku hizi anayo taa. Mteja akiitaka anaiwasha, akiielekeza ukutani ili iwarudie watu ikiwa imepoa, na kila mama mzaa bwana harusi anaonekana uso mzima. Kisha anazima, anakaa mkekani, na kupiga yale mengine. Wateja wameyapa jina: wanaomba "harusi na za Tadea", wakimaanisha mikono, visigino, watu waliojificha nyuma ya jiko.

Kitu kimoja kilimshinda muda mrefu, nacho ni baba yake. Mzee Augustino akiona kamera tu, anasimama wima kama mtu wa pasipoti, mikono imebana mapajani, kidevu juu. Hata akiwa anakohoa. Msimu wa mavuno wa 2003, Cuthbert na Tadea walipanda Maguu kusaidia kuchuma, na alasiri moja Tadea akatoa kamera chini ya mti wa kahawa.

"Umeanza?" mzee akauliza, akaanza kukaza mgongo.

"Bado, baba. Naandaa."

Mzee akalegea, akarudi kwenye tawi lake. Alichuma punje nyekundu moja moja, akizungumza na Cuthbert kuhusu bei, kuhusu nyani, kuhusu marehemu mkewe aliyekuwa akichuma kwa kasi kuliko wanaume watatu huku akiimba. Wingu likapita mlimani upande wa pili. Jua likalainika.

"Bado tu?" mzee akauliza.

"Bado, baba. Kuna vumbi kwenye kioo."

Aliendelea. Alisimulia jinsi alivyompata mkewe kwenye mnada wa ng'ombe, akacheka peke yake, akafuta macho kwa kiwiko kwa sababu vidole vilikuwa na utomvu. Cuthbert aliangalia jicho lile lingine la mkewe, lililo wazi, likimtafuta. Aliona. Akamwashiria kwa kichwa kwamba ameona.

Kikapu kilipojaa mzee Augustino akakiweka chini, akanyoosha kiuno, akamtazama binti yake aliyekaa kimya kwenye majani makavu.

"Mashine yako ni nzito kuanza kuliko trekta la ushirika," akasema. "Basi, ikiwa tayari uniite. Nakwenda kuvaa koti."